Kipa Aliyegeuzwa Mtende

Baba,

Ulinifundisha kuwa barua njema huanza kwa kusema hapa sisi wazima, hofu na mashaka ni juu yenu mlio mbali nasi. Leo siwezi kuianza hivyo. Wewe uliye mbali huna tena cha kuogopa. Hofu na mashaka yote yamebaki huku Maskati, na sehemu kubwa imekaa tumboni mwangu tangu mwezi uliopita.

Naandika nikiwa nyumbani kwangu Sidabu, mlango nimeutia komeo na jua bado liko juu. Shangazi Zuwena yuko uani anachagua mchele. Ndiyo, dada yako amefika, na amefika salama. Lakini kufika kwake ndiko kulikoleta mambo, na katika mambo hayo mimi mwanao nilikukana mbele ya watu. Nalisema mapema kwa sababu najijua. Nikilichelewesha nitalipita kimya kimya.

Sijui kama habari za kazi yangu ulizipata kabla maradhi hayajakuzidi. Nipo forodhani. Meli ikitia nanga, abiria huletwa pwani kwa mashua, nami husoma karatasi zao za Kiingereza na Kiswahili na kumfasiria Mkubwa wetu kwa Kiarabu. Wengi ni watu wetu, wanaotoka Unguja tangu mapinduzi, mwaka ule nilioondoka mimi. Babu zao wamezikwa huku milimani, na bado wanahitaji ruhusa ya kukaa. Ruhusa huja au haiji. Nimewaona watu wameshushwa na masanduku yao asubuhi, alasiri wamerudishwa melini na masanduku yale yale, na mimi ndiye niliyewasomea jibu.

Kwa hiyo nimejifunza kujikunja. Miwani yangu ya jua niliitupa baharini wiki ya kwanza, nilipoambiwa Sultani wa huku haitaki. Redio sikuthubutu kununua. Mpira ndio kabisa. Mwaka juzi wavuvi wanne wa hapa mtaani, watu wazima wenye ndevu zao, walikutwa wakipiga danadana pwani, wakafungwa ngomeni siku tatu. Mimi niliyedaka mpira Unguja miaka sita, na pedi za magoti ulizonishonea wewe mwenyewe, nilipishana nao siku waliyotoka nikajifanya sijui mpira ni mdudu gani.

Ndipo Shangazi akaja na sanduku.

Unalijua, lile la mbao lililokuwa chini ya kitanda chako. Askari walilipekua mpaka chini. Kanga zake, chupa ya mafuta ya nazi, na mbuzi ya kukunia, utadhani huku tunaishi minazini. Chini kabisa kulikuwa na kikoi chako, na ndani ya kikoi daftari. Niliujua mwandiko kabla sijalishika. Kiswahili kwa herufi za Kiarabu, kama ulivyoandika kila kitu maisha yako yote, hata samaki wa kununuliwa sokoni, na ile herufi mimu yako yenye mkia mrefu kupita kiasi. Yalikuwa maisha ya Denisi. Sikujua kama umeyaandika. Shangazi alinieleza baadaye kuwa ulianza mwezi niliokuacha, ukawa unaandika kila siku baada ya sala ya alasiri mpaka mkono ulipokataa.

Denisi wetu. Utotoni kila siku ulinilaza kwa habari zake. Wewe ulizipata kwa yule mzee wa Kiayalandi, fundi wa mitambo pale ofisi ya simu ulipokuwa karani, ambaye utotoni mwake alimwona akicheza, enzi za malkia wao mzee, karne iliyopita. Denisi wa mji wa Belfasti, aliyekulia kwenye kiwanda cha kitani, akifanya kazi pekupeku juu ya sakafu iliyojaa maji. Walimweka golini kwa kuwa hakuwa na viatu vya kukimbilia. Siku hizo goli halikuwa na nyavu, na juu ya milingoti walifunga utepe tu, mtambaa wa panya, ule mti wa juu, ulikuwa bado. Kipa alivaa jezi moja na wenzake. Na washambuliaji waliruhusiwa kumvaa kwa bega, awe na mpira au asiwe nao, mpaka aangukie golini mzima mzima. Aliitwa kuichezea nchi yake dhidi ya Waingereza, wakafungwa mabao mpaka watu wakaacha kuhesabu, na Jumamosi iliyofuata akasimama golini tena. Kisha Waingereza hao hao wakamchukua akadake kwao, na mama yake akakaa mwezi mzima hamsemeshi. Huko ndiko alikovunjwa mbavu.

Lakini tuliyoipenda sisi wawili ni ile ya ukuta. Kila mechi, kabla ya filimbi, Denisi alikwenda nyuma ya ukuta wa uwanja akatapika kwa hofu. Watu walimcheka, wengine walikuja mapema ili wamwone. Akimaliza anafuta mdomo kwa mkono wa jezi, anakwenda kusimama. Ukifika hapo ulikuwa ukinigonga goti kwa kidole na kuniambia, "Ogopa upesi umalize, kisha simama." Nikikuuliza kama mwisho wake hofu ilimwacha, ulisema hata siku moja, huku ukicheka.

Sasa fikiria daftari hilo mbele ya Mkubwa. Herufi anazisoma vizuri kuliko mimi, lugha ndiyo haijui. Akawa anatamka maneno yako kwa sauti, hayampeleki popote, isipokuwa machache yenye asili ya kwao: adui, hatari, hujuma. Halafu akafungua kurasa za michoro. Baba, kwani ilikuwa lazima uchore? Duara mbili nyuma, tatu katikati, tano mbele, na moja peke yake nyuma kabisa. Na mishale ya wino mwekundu, ukurasa baada ya ukurasa. Huku kusini kuna vita ambavyo hakuna anayevitaja na kila mtu anavijua. Mkubwa akazihesabu zile duara kama anayehesabu askari. Akaniita, akaniambia nisome kwa Kiswahili sentensi moja moja kisha nifasiri. Akasema anajua huyu mwanamke ni jamaa yangu. Nikidanganya, tutapanda meli pamoja, Shangazi na mimi.

Shangazi alikuwa amekaa juu ya sanduku lake, hatua tatu kutoka mezani. Mlangoni alisimama Mzee Muradi, bawabu wetu, Mbulushi mrefu mwenye sikio moja bovu, ambaye kwa miaka minne sikupata kumsikia akisema zaidi ya salamu.

Nikasoma: Denisi alisimama golini, mbele yake mabeki wawili. Na mdomo wangu ukafasiri: mtende dume hupandwa peke yake, mbele yake mitende miwili. Sikuupanga uongo ule. Ulitoka wenyewe, nami nikaufuata. Duara zikawa mitende, mishale ikawa maji ya falaji, mifereji ya huku, yanayopita shambani. Adui na hujuma yake nikasema ni nzige. Nilisoma mbavu za Denisi zikivunjika, nikafasiri namna ya kukata makuti makavu. Nilipofika kwenye ukuta nikasema hii ni sehemu ya samadi.

Mkubwa ana shamba nyuma ya milima. Nikamwona anaanza kuinama mezani, anafuata mishale kwa kidole. Akauliza kwa nini maji haya yanarudi nyuma. Ilikuwa pasi ya beki kwa kipa wake. Nikasema ni ili dume lisikauke. Akaitikia kwa kichwa.

Kisha akauliza mwandiko huu ni wa nani.

Nikasema sijui.

Akanitazama. Nikasema tena, simjui mtu huyu. Yalinitoka kwa wepesi, Baba, na wepesi huo ndio unaoniumiza mpaka leo. Kiarabu cha Shangazi ni cha kubabaisha, lakini hilo alilielewa. Alikikunja kikoi chako mara nne akakiweka mapajani.

Mkubwa akatoa uamuzi wake. Nichukue daftari nyumbani, nifasiri kitabu chote kwa Kiarabu na kukileta kabla meli ya kurudi Mombasa haijapita, yaani wiki mbili. Mwanamke akalale kwangu, karatasi yake ibaki forodhani. Kitabu kikiwa na manufaa atampa ruhusa. Kikiwa na jambo jingine, meli ipo. Nikabeba sanduku nikatoka. Nilipompita Mzee Muradi akasema, bila kugeuza shingo, kwa Kiswahili safi cha Malindi ya Unguja: "Mitende ya babaako ina miguu."

Sikujua anajua Kiswahili. Nilikuja kuambiwa kuwa alikula ujana wake wote Unguja, akiwa askari. Alikuwa amemsikia Shangazi, sanduku lilipopekuliwa, akisema daftari ni la kaka yake, na amesikia uongo wote, kila sentensi pande zote mbili.

Siku zilizofuata sitaki kuzikumbuka, lakini nimeahidi kueleza yote. Mlango ukigongwa nilikuwa naruka. Nikisikia viatu vya askari kwenye njia ya mlimani, ile inayotoka mjini kuja kwetu, nilikuwa nasimama nikahesabu hatua zao mpaka zipite. Kazini sikuweza kumtazama Muradi, na nisipomtazama niliona nimejifichua mwenyewe. Nyumbani nikawa naandika kitabu cha mitende, mimi ambaye tende nazijua zikiwa sahanini tu. Niliwauliza watu nusu nusu ili wasinishuku. Niliandika kurasa thelathini za upuuzi kwa Kiarabu kizuri, na kila mstari nilioandika niliona nakufukia wewe, na Denisi pamoja nawe.

Shangazi alikuwa akinipikia, akinitilia chai, hanisemeshi. Siku ya saba akasema, birika liko mkononi, "Nimemlisha uji kwa kijiko miezi minne. Na wewe mwandiko wake hukuujua." Nikamwambia nilifanya vile kwa ajili yake, asirejeshwe. Akasema, "N'rejeshwe tu. Mimi sitokaa nchi ambayo kwanza lazima nduguyangu akanwe." Alisema bila hasira, akaendelea kunimiminia chai.

Siku ya tisa, baada ya alasiri, Mzee Muradi alikuja kwangu. Nilimwona kwa upenyo wa dirisha, peke yake, fimbo mkononi. Nilijua yamekwisha. Nilimwambia Shangazi alifukie daftari kwenye pipa la mchele, nikafungua mlango. Akaingia, akakaa, akakataa kahawa, kisha akaikubali. Akanywa kikombe cha kwanza, kisha cha pili. Nikawa naomba aseme tu nijue.

Akasema, "Yule kipa. Baada ya mbavu, alirudi golini?"

Nikamtazama. Akadhani sikumsikia, akauliza tena kwa sauti kubwa zaidi.

Sikujua, Baba. Ulinisimulia mambo yake mara mia lakini kila mara nililala kabla ya mwisho, na daftari lako halina mwisho. Shangazi alilitoa kwenye mchele akalipangusa kwa kanga, nikamwonyesha. Sentensi yako ya mwisho ni hii: Denisi alipotoka hospitali, asubuhi ya Jumamosi, alikwenda uwanjani na. Basi. Baada ya "na" hakuna kitu. Muradi aliyatazama maneno yale kwa muda, akasikitika waziwazi. Kisha akasema, huku anaangalia kikombe, kwamba alikuwa kipa wa timu ya askari Unguja, na kabla ya kila mchezo alikuwa akitapika nyuma ya banda la farasi. Hajapata kumwambia mtu. Alidhani ni yeye peke yake duniani.

Alipoondoka nilikaa pale pale nilipokuwa. Shangazi naye akakaa. Daftari lako lilikuwa wazi katikati yetu.

Siku moja kabla ya meli nilichukua vyote viwili, kitabu cha mitende na daftari lako, nikapanda njia ya mlimani kwenda kazini. Sitakudanganya kuwa nilikuwa na ushujaa. Nilitaka kurudi nyuma kila nilipofika kwenye kona. Nilifikiri ngome, nilifikiri Shangazi mzee vile akipandishwa mashua ya kurudi kwa sababu ya ulimi wangu, mara ya kwanza kwa kudanganya na mara ya pili kwa kusema kweli. Nilifika forodhani. Nikaenda nyuma ya ukuta wa ghala nikatapika chai yote. Nilipoinua kichwa Mzee Muradi alikuwa ananitazama. Hakucheka. Alinifungulia mlango.

Nikafuta mdomo kwa mkono wa kanzu, nikasimama mbele ya meza.

Nikasema, mwandiko huu ni wa baba yangu. Nikalitaja jina lako, na la babu, na la baba yake babu, mpaka nikaishiwa pumzi. Nikasema hakuna mitende. Duara ni watu, mishale ni mpira, ni mchezo wa zamani wa nchi ya mbali na aliyeuandika amekufa. Nikasema Shangazi hajui kilichomo, amebeba daftari la kaka yake, basi.

Mkubwa hakuinua macho. Akauliza, "Na dume?"

Nikasema, "Ni kipa. Anaitwa Denisi."

Akasema, "Nimeshalipanda."

Machipukizi kumi na moja, Baba. Mawili, matatu, matano, na moja peke yake, kule nyuma ya milima, na mfereji mdogo unaolirudia dume. Alinieleza yote hayo polepole, naye hakutabasamu, wala mimi sikuthubutu. Kisha akasema mchezo ule hapa umekatazwa na daftari halitatoka tena mle ofisini. Akalitia kwenye mtoto wa meza akafunga kwa ufunguo. Nililiona likiingia. Kona ya jalada ilikuwa bado na punje moja ya mchele.

Karatasi ya Shangazi akaitia muhuri. Nilipobaki nimesimama, sielewi, akasema, "Sasa naujua uso wako ukidanganya, na naujua ukisema kweli. Mfasiri mwengine itanibidi nianze upya. Rudi kazini."

Ndivyo ilivyokwisha, kama imekwisha. Shangazi anakaa. Lakini daftari lako liko kwa mtu anayeweza siku yoyote kumwita mwengine alisome. Kila asubuhi naingia na naangalia ufunguo uko wapi. Juzi alinitazama kwa muda mrefu kuliko kawaida, nikaangusha kalamu. Ndiyo maana nafunga mlango mchana. Naogopa, Baba. Kuna siku naogopa hata adhana ikianza ghafla.

Lakini nimenunua daftari jipya sokoni Matrah, na barua hii naiandika kwenye kurasa zake za mwanzo nilizoziacha wazi. Baada yake anafuata Denisi, upya, mzima, kwa herufi zile zile. Yale niliyoyasahau Shangazi anayo, maana miezi ile ya uji ulikuwa ukimsomea. Yeye ndiye aliyenikumbusha kuwa mama yake Denisi alimsamehe mwanawe kwa sababu ya soksi alizomtumia kutoka kwa Waingereza. Mzee Muradi huja Ijumaa baada ya sala, anakaa upande wa sikio lake zima, nikikosea mpangilio wa mabeki ananirudisha. Michoro nimeiacha. Nisamehe, hiyo siwezi.

Sentensi yako iliyokatika nimekaa nayo siku nyingi. Sikutaka kukuzushia, nimezusha vya kutosha mwaka huu. Jana nimeimalizia kwa kile tunachokijua kuhusu mtu yule, wewe na mimi na Muradi: alikwenda uwanjani na kutapika nyuma ya ukuta, akafuta mdomo, akaenda kusimama.

Nakuahidi mambo mawili. Nitalimaliza daftari hili, na nikiulizwa tena ni la nani, hata ngomeni, nitajibu mara ya kwanza. Pumzika, Baba. Rehema zikufikie huko, na radhi yako, kama imebaki hata chembe, initeremkie huku. Shangazi anakuombea kila alfajiri kwa sauti, majirani wanasikia. Jina lako nimeliandika juu ya ukurasa wa kwanza, na wakilikuta daftari watalikuta na langu pia, hivi:

Mwanao,
Nasri bin Khelefu bin Mbaruku.